Mfalme Niliyemzua Germantown

Afadhali mlisikie jambo hili kwangu kabla Mama Njeri hajawasimulia. Mimi ni mtu wa Malindi, miguu yangu haitulii, na kila ninapohamia, hata hapa Maryland, naanza kukumbuka kwetu. Kikundi cha manesi Wakenya wa Germantown kilipopanga kwenda Italia kutembezwa kwa miguu katika mji mmoja mkongwe, na kikasema mkalimani atasafiri bure, nilikuwa wa kwanza kuinua mkono. Kiitaliano changu ni cha ufukweni, cha kuokota kwa watalii: salamu, bei za vinyago na kusifia wanawake.

Jumamosi mtembezaji mwenyewe, Mzee Bruno, aliyekuwa ziarani Marekani, alikuja ukumbini na picha za mji wake. Alionyesha mnara, akaueleza kwa kirefu. Sikuambulia neno.

"Anasema mfalme alimjengea mkewe," nikatafsiri, "apate kuwachungulia majirani."

Ukumbi ukacheka, nami nikanogewa. Kufikia picha ya tatu mfalme alikuwa na wake wawili wanaogombea kisima.

"Hebu muulize vyoo viko wapi," akasema Mama Njeri, mwenyekiti wetu. "Sisi wengine hatuna subira."

Nikaonyesha kwa mikono. Bruno akajibu kwa uso mzito.

"Anasema viko kila kona, mama."

Bruno akaichukua maikrofoni. "Kiko kimoja tu, mama, juu ya kilima," akasema kwa Kiswahili cha Malindi kabisa. "Malindi nimeishi miaka ishirini. Mlinipa mkalimani, nikaona nisimharibie kazi."

Kisha akanirudishia maikrofoni.

"Endelea, bwana. Huyo mfalme alikufaje?"