Mwaka Mwingereza Alipofunga

Juzi nilikuwa Tabora kwenye msiba wa shangazi yangu. Siku ya tatu, watu walipoanza kutawanyika, nikamshika mkono mjukuu wangu tukatembea kuelekea stesheni. Ana miaka minane na ana tabia ya kuhesabu magari. "Hili la Japani, hili la Japani, hili la China, hili la Japani." Mara akasimama. "Bibi, kwani Waingereza hawajui kutengeneza gari?"

Nilicheka mpaka mwuza karanga akageuka kunitazama. Loo! Mtoto angelisema neno hilo mbele ya Babu yangu, siku zile, angelala bila kula.

Wewe uliyekua miaka ile utanielewa. Gari lilikuwa la Mwingereza, basi. La mkuu wa wilaya la Mwingereza, la mapadri la Mwingereza, hata lile lililokuwa likipita na kipaza sauti kutuita mkutanoni kusikiliza habari za Ujamaa lilikuwa la Mwingereza. Gari la Kijapani lilipoonekana mjini mara ya kwanza watu walilizunguka wakiligonga gonga ubavuni kwa kidole, na Babu akasema, "Kopo la maziwa hilo. Likikutana na mchanga wa barabara ya Ipole litalia mama."

Nyumba yetu ilikuwa nyuma ya soko, ya udongo na mabati, yenye ua mpana. Babu alikuwa Mwarabu wa Tabora, wa wale waliokaa huko mpaka Kiarabu kikabaki cha kusalia tu. Mama yake Bibi alikuwa Mnyamwezi, kwa hiyo Bibi akikasirika alitusema kwa Kinyamwezi, na sote tulielewa. Babu wa babu yangu alikuja na misafara, akaenda Ujiji na kurudi, mizigo ikiwa mabegani mwa watu. Babu hakupenda kulisimulia hilo. Ukimbana sana alisema, "Wale walibebesha watu. Mimi nabebesha chuma," akabadilisha mazungumzo.

Chuma chenyewe kilikuwa lori la kijani, la pua ndefu, alilolipata kabla ya Uhuru. Sisi hatukuliita lori, tuliliita Mwingereza. "Mwingereza karudi?" "Mwingereza anataka maji." Jirani yetu alikuwa hachoki kumtania Babu: "Waingereza wote wamefungasha wamekwenda kwao, kasoro wa kwenu!" Babu alilicheka neno hilo kila mara, kana kwamba ndiyo kwanza analisikia.

Mwingereza alibeba asali na nta kutoka Ipole, tumbaku ya chama cha ushirika, karanga, na mahindi ya Kigwa treni ilipochelewa. Shule zikifungwa Babu alinichukua. Nilikaa kitini karibu yake, miguu ikiwa juu ya kifuniko cha injini kilichokuwa cha moto hasa, na harufu ya asali ilikuwa imeingia hadi kwenye sponji ya kiti. Vijijini akina mama walitoka na michembe, vile viazi vitamu vilivyokatwa vikakaushwa, iliyochemshwa na karanga, wakaniwekea kwenye jani. Sijala tena michembe mitamu kama ile, na nimejaribu. Babu aliendesha akiimba kwa sauti mbaya sana, na alijua kila korongo kati ya miti ile ya miyombo. Mtu huyu hakuwa na furaha nyingine duniani zaidi ya barabara. Nataka ulishike hilo.

Mwingereza alivunjika kwenye njia ya Kigwa, kwenye tope la mvua za mwisho. Alivutwa hadi uani kwetu, na fundi wetu, Mnyamwezi mmoja Mkatoliki aliyejifunzia kazi karakana ya reli, akaifungua giaboksi juu ya mkeka mkuukuu wa Bibi. Akatoa gurudumu moja la meno, kubwa kama sahani ya chai. Meno matatu hayapo.

"Injini nzima kabisa, Mzee," alisema. "Mgonjwa ni huyu tu."

Basi spea ikaanza kutafutwa. Dar es Salaam hakuna. Nairobi hakuna. Wenye duka waliandika kwamba fedha za kigeni hazipatikani, na hata zikipatikana, huko Uingereza kwenyewe mambo si shwari. Hilo tulikuwa tukilisikia redioni. Babu aliketi na redio yake kila siku baada ya alasiri, na haikupita wiki bila habari kwamba wafanyakazi wa viwanda vya magari Uingereza wamegoma. "Wamegoma tena!" Babu alipiga paja. "Mtu anayechonga chuma kama kile anagomea nini?" Fundi, ambaye alipenda kumchokoza, akasema, "Mjapani hagomi, Mzee." Babu hakumwitikia mpaka siku ya pili.

Ndipo alipoamua kuwaandikia wenyewe, moja kwa moja kiwandani, anwani ikiwa imegongwa kwenye kibati karibu na injini. Mwandishi nikawa mimi. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, wa kwanza darasani kwa Kiingereza, na majivuno yangu hayakuwa na mfano. Mwalimu wangu alinisaidia. Alitaka barua iwe fupi: lori la aina fulani, spea fulani, ahsante. Babu akakataa katakata. "Mtu humwombi kitu hujamjulia hali! Ulilelewa wapi, mwalimu?" Basi tukaandika kwanza salamu, tukauliza hali ya wafanyakazi wote, wake zao na watoto, tukauliza kama mvua huko zimenyesha vizuri mwaka huu, tukaeleza kwamba hapa zimenyesha ila zimetuharibia lori, ndipo spea ikaingia. Mwalimu aliona haya mpaka akakataa kuisahihisha mara ya pili.

Jibu lilikuja Ramadhani, wiki ya tatu. Nakumbuka Bibi alikuwa akikanda unga wa kalimati, fundi amekuja kama kawaida yake wakati wa futari ingawa hafungi, na Babu ameketi ngazini na bahasha kwenye magoti, hajaifungua, ananingoja nitoke shule.

"Bi mdogo," aliniambia. Ndivyo alivyonitania siku zote, bi mdogo, mke wake wa pili. "Soma."

Ilikuwa imepigwa chapa, mistari minane, na chini mtu ameongeza mstari kwa kalamu. Nilisoma kwanza ule wa kalamu, maana ulikuwa rahisi: ahsante kwa salamu, hapa mvua hazikomi. Babu alisimama kwa furaha. "Umeona? Umeona? Mwambie mwalimu wako!" Kisha nikarudi juu. Walisikitika. Spea haipo. Na kuhusu kiwanda kilichounda lori letu, wanasema... hapo pana kitenzi nilichokijua, na baada yake neno refu, la herufi kumi na moja, nilizihesabu, ambalo sikulijua. Wote watatu wananitazama. Neno lile nikaliruka.

"Wanasema wamefunga," nikasema.

"Wamefunga?" Bibi aliacha unga. "Waingereza nao? Mashallah! Allah awakubalie."

Babu na fundi walicheka hadi Bibi akanuna. Fundi akafafanua kwamba bosi wake wa zamani wa reli, Mwingereza, alimwambia kuwa Ulaya wakati wa joto viwanda hufunga, watu wakapumzike baharini. Babu akatikisa kichwa polepole, ameridhika. "Bibi yenu kapatia bila kujua," alisema. "Wamefunga, hawajafa. Anayefunga hufungua. Sisi tutafungua kwa Idi, wao watafungua kwa wakati wao, spea itakuja." Siku ya pili msikitini aliwaambia watu kwamba mjukuu wake anakisoma Kizungu kama maji, na kwamba Mwingereza amefunga. Mji mzima ukaichukua. Watoto waliimba wakipita langoni kwetu: Mwingereza kafunga, Mwingereza kafunga!

Sasa sikiliza. Wiki hiyo hiyo alikuja mwenyekiti wa kijiji kimoja cha Ujamaa upande wa Ipole, mtu aliyemfahamu Babu tangu enzi za asali. Kijiji kimepewa lori jipya. La Kijapani, ndiyo, Mzee, tusifichane. Lori wanalo, dereva hawana. Wanataka mtu anayezijua njia zile masika na kiangazi, wamempangia na nyumba kabisa. "Tukupe wewe kwanza," alisema, "tukukose ndipo tutafute mwingine. Nitakuja siku ya tatu ya Idi."

Kwa siku mbili Babu alikuwa akimzunguka Mwingereza uani, mikono nyuma. Usiku aliwaza nini sijui, mchana nilimsikia akimwambia Bibi, "Ningejua kama kweli watafungua..." na Bibi akamjibu, "Si mtoto kasoma?"

Mtoto kasoma. Kesho yake neno lile nikaliandika kwenye kiganja, nikalipeleka kwa mwalimu. Akalitazama. "Hili maana yake daima. Moja kwa moja. Kufunga hivi ni kufunga duka na kutupa ufunguo." Akaniuliza nimelitoa wapi. Nikasema kitabuni.

Zilikuwa zimebaki siku tano Idi ifike. Siku tano, rafiki yangu, na kila siku nilimwona Babu saa zote, na ningeweza kumwambia wakati wowote. Nikisema nilimwonea huruma, nitakuwa najipamba. Nilikuwa nimesifiwa msikitini. Ningesemaje leo kwamba niliruka neno? Na pana jingine, baya zaidi: Ipole ni mbali. Babu angekwenda kukaa huko, na nani angeniita bi mdogo? Nikajiambia, labda mwalimu amekosea. Mwalimu hakuwa amekosea, na nilijua.

Siku ya tatu ya Idi mwenyekiti alikuja, akala pilau, akanywa kahawa. Babu akamshukuru sana. "Mgonjwa wangu hajafa," alimwambia. "Wenyewe wamefunga tu. Nikimwacha leo, kesho spea ikaja, nitamtazamaje?" Mwenyekiti akaaga. Walimpata kijana kutoka Nzega, na lile kopo la maziwa likazibeba tumbaku na asali za Ipole miaka mingi, wala halikulia mama.

Ya baadaye ni mafupi. Kila Alhamisi Babu alimwosha Mwingereza, akapanda, akawasha. Injini ilikuwa nzima, iliwaka mara moja, na ua wote ulitetemeka. Watoto wa mtaa walipanda nyuma wakashangilia. Babu alishika usukani, akapiga honi, lori halisogei hata hatua. Baada ya muda mafuta yakawa ya kupangia foleni, akaacha kuwasha, akawa anaosha tu. Kuku wakaanza kutagia chini ya kiti. Kila alipopita posta aliuliza kama kuna kitu kutoka Uingereza, na karani akamjibu kwa adabu, "Bado, Mzee."

Nilimwambia nikiwa kidato cha tatu, likizoni. Nilimkuta amekaa ndani ya lori, mlango wazi, anapunga upepo. Macho yalikuwa yamekwisha kuwa hafifu. Nikamwamkia, nikapanda kiti changu cha zamani, na bila kupanga nikasema, "Babu, ile barua. Kiwanda kile kilifungwa moja kwa moja. Hawatafungua tena."

Akauliza jambo nisilolitegemea: "Na yule aliyetuandikia habari za mvua? Anakula wapi sasa?"

Nikasema sijui.

"Maskini," akasema. "Kazi ya mtu si mchezo." Akapapasa usukani. Kisha akageuza uso upande wangu. "Umelijua lini hili?"

Nilikuwa na miaka kumi na saba. Sikuwa mtoto tena. Nikasema, "Juzi, Babu. Tulifundishwa shuleni."

Akashusha pumzi ndefu, nikaona mabega yake yanalegea. "Alhamdulillahi. Afadhali. Maana nimekuwa nikijilaumu kwa kumkatalia yule bwana wa Ipole. Lakini ningejuaje? Hata wewe msomi hukujua." Akanipapasa kichwa. "Usisikitike, bi mdogo. Hakuna aliyejua."

Alifariki mwaka uliofuata, kabla sijamaliza shule. Lori lilikatwa vipande na wanunuzi wa chuma chakavu, na mlango wake mmoja ulikaa miaka kwenye banda la mbuzi huko Itetemia mpaka nao ukaliwa na kutu. Siku hizi nasoma magazetini habari za viwanda vya Uingereza, kimoja kimefungwa, kingine kimenunuliwa na wageni, maelfu wamerudi majumbani, na watu wanasema ni biashara, ndiyo dunia. Huenda. Mimi kila nikiisoma naona mikono ya Babu juu ya usukani wa gari lisilokwenda. Barabara ya Ipole ilikuwepo, lori la kuendesha lilikuwepo, na yeye alikuwa na nguvu zake. Kilichokosekana ni neno moja, nami nilikuwa nalo kiganjani.