Bonde Lililomchelewesha Baba

Mimi kusubiri sijui. Nikibandika maji nafunua sufuria kila mara, na pale sokoni Nyasho ninapouza dagaa wateja wamezoea kuniambia, "Dada, tulia, hatukimbii." Ndiyo maana nasema Mungu ana utani, kunipa kwetu penye bonde lile.

Bonde liko nyuma ya boma la wazazi wangu kijijini, upande wa Butiama, katikati ya mawe makubwa. Ukiingia ukakaa kidogo tu, ukitoka unakuta jua limeshazama na watu wameshakula. Tulikuwa tumelizoea. Baba alikuwaga anachungia humo wakati wa kiangazi kwa sababu majani yake yanachelewa kukauka, na mama alikuwaga anamfunikia chakula bila kununa. Kwa miaka yote hiyo baba akabaki na nywele nyeusi, mama akawa bibi. Wageni wakija wanamuuliza baba kama yule ni mama yake mzazi. Mama anacheka mpaka anajishika mbavu. Mimi nilikuwa sicheki.

Halafu wakaja wasomi. Walipanga nyumba mtaa wa nyuma yangu pale Nyasho, na kila asubuhi gari lao linapandisha Butiama limejaa vyuma na nyaya. Walikuwa wanamfunga ng'ombe wa baba saa shingoni, anaingia bondeni, anatoka, wanaisoma ile saa, wanabishana mpaka mishipa inawatoka. Wenyewe waliita hitilafu ya wakati. Hitilafu! Utadhani atakuja fundi na ngazi aikaze. Lakini nisiwaseme vibaya wote. Kulikuwa na profesa mmoja, mwanamke wa makamo, mwenye adabu zake, akifika anamwamkia mama kwanza na kukaa naye jikoni. Ndiye aliyegundua kwamba kadiri unavyoenda ndani ndivyo muda unavyozidi kwenda polepole, akasimika bendera nyekundu. "Mzee wangu, tafadhali, hapa usivuke," akamwambia baba.

Mwaka huu mama akaugua. Tulimpeleka hospitali Bunda, wakampima, wakampa dawa za maumivu, wakatuambia kwa upole tumrudishe nyumbani. Nikafunga biashara nikaenda kumuuguza. Chakula kilikuwa hakikai tumboni, isipokuwa maziwa. Na kiangazi kilikuwa kikali, ng'ombe aliyekuwa bado anatoa maziwa ni mmoja tu, yule wa bondeni. Kwa hiyo kila siku baba anaenda naye, na kila siku mimi nagombana na baba.

"Baba, mama ana siku chache na wewe unazimalizia huko!"

"Bila maziwa hata hizo chache hana," ananijibu.

Nilichokuwa nataka ni kimoja tu: mama asife baba akiwa hayupo.

Asubuhi moja profesa akaja mbio, viatu mkononi. Ng'ombe alikata kamba akavuka bendera, na baba akamfuata. Sasa niambie, mfugaji gani wa kwetu ataona ng'ombe wake anakwenda halafu asimame kwa sababu ya kitambaa? Nilipofika, wasomi walikuwa wamesimama pembeni, hata kubishana hawabishani. Wakanipa darubini. Baba alikuwa kule ndani, mkono ameunyoosha kwenye kipande cha kamba, mguu mmoja juu. Nikamwita mpaka sauti ikanikauka. Nikangoja ule mguu ushuke. Haukushuka.

"Mtoeni!" niliwafokea. "Mmesoma nini nyie miaka yote hiyo?"

Profesa hakujitetea. Akasema, "Mdogo wangu, atakayeingia kumtoa, muda utamwendea kama unavyomwendea yeye. Ukimfuata mtatoka wote wawili. Lakini mama hamtamkuta."

Basi nikawa mtu wa kwenda na kurudi. Nikiwa bondeni roho inaniambia mama anakata kauli. Nikiwa kitandani kwa mama roho inaniambia baba ametoka, na hakuna mtu wa kumwambia akimbie. Sili, sikai. Kesho yake nikatazama tena, mguu ulikuwa umeshuka kidogo, haujagusa chini. Nikasema potelea mbali, naingia. Nikarudi nyumbani kumuaga mama.

"Umemwona?" akaniuliza.

"Nimemwona."

"Anafanya nini?"

"Anamshika ng'ombe wako. Naenda kumleta."

Akacheka, kicheko chenyewe kikaishia kwenye kikohozi. "Mwache, mwanangu. Huko aliko, mimi bado nipo."

Nilikasirika, sitaki kudanganya. Nilitaka aseme, nileteeni mume wangu. Lakini nilivua kanga niliyokuwa nimejifunga kwa safari, nikakaa. Mchana wake akafariki, nimemshika mkono.

Wazee wa ukoo wakabishana: mke atazikwaje na mume yu hai na hayupo? Wakaenda bondeni kupokezana darubini, wakarudi wameinamisha vichwa. Tukazika. Tukanyolewa vichwa, kama desturi ya wafiwa. Turubai likarudishwa, wajomba waliotoka Murangi wakaondoka, na profesa aliyekuwa analala nasi matanga siku zote naye akarudi kwenye nyaya zake. Msiba ukaisha.

Mvua zilikuwa zimeanza baba alipotoka, anamvuta ng'ombe, anamfokea. Mimi nilikuwa pale kwenye bendera, kama kila siku. "Mjinga huyu kanichelewesha," akasema. "Mama yako ameshaamka?"

Nilikuwa nimemwekea maneno makali, kila siku nayaongeza. Badala ya kuyasema nikainamisha kichwa. Akanitazama kichwani. Akaachia kamba, akapitisha kiganja juu ya nywele zangu zilizokuwa ndiyo kwanza zinaota, polepole, mbele kwenda nyuma. Kwa nywele zile akajua amefiwa, na akajua kwamba si jana wala juzi.

Akaketi kwenye tope akaanza kulia kwa sauti. Majirani waliokuwa wanapanda mahindi wakasimama na majembe yao, wanatazama, maana wao kilio kile walishakimaliza. Mimi pia nilishakimaliza. Nikaketi karibu naye, nikaanza upya.