Mtoto wa Kwanza Mwenye Jina la Mtoto wa Nane

Mwanangu, bado naikumbuka siku niliyorudi Dzaleka, kambi yetu ya wakimbizi hapa Malawi, kutoka Lilongwe na jina la mtoto mfukoni. Nilikuwa fundi cherehani kijana, mtu wa Fizi kule Kongo, na mke wangu Mapendo alikuwa amejifungua mtoto wetu wa kwanza, binti, katika hospitali ya Likuni. Sokoni nilinunua kijitabu cha majina. Humo nikasoma: Minani, shujaa asiyeshindwa. Sikumuuliza mtu. Nilikwenda moja kwa moja kwa mchungaji, naye akaandika kwamba Jumapili mtoto ataombewa kanisani kwa jina hilo.

Ijumaa nikawa najisifu kwenye bomba la maji. Akina mama Warundi wakatazamana, wakaficha vicheko ndani ya vitenge. Koko Perpetua, bibi wa Kirundi aliyekuwa jirani yetu, hakuficha chake.

"Baba, na bale bengine saba, ulibaacha wapi?"

Nikadhani utani. Akanieleza polepole kwamba kwao Minani huitwa mtoto wa nane. Ni jina la heshima, ila huja kwa zamu yake. Mapendo angeulizwa kila mahali wale saba wako wapi. Wengine wangemhurumia, wakidhani amewazika. Na kambini kwetu, mwanangu, wamo akina mama waliozika kweli.

"Kitambaa unakipimaka mara mbili mbele ya kukata," akasema. "Na mutoto njo unamukata bila kupima?"

Niliona aibu. Lakini kosa lililoonekana mapema ni nusu ya dawa, nami nilikuwa na siku moja tu.

Nilipomuuliza hatimaye, kumbe Mapendo alikuwa na jina lake moyoni. Muuguzi wa Likuni alimtuliza usiku kucha kwa neno la Kichewa, Alinafe, na yeye alilipenda bila kujua maana yake. Jumamosi nikamuuliza kijana wa kabaza aliyenibeba kwa baiskeli. Akasema, "Yuko nasi," yaani Mungu. Nikamuuliza muuza nyanya, bila kumwambia la yule wa kwanza. Jibu likawa lile lile. Nikaongeza swali: nyinyi mnampa mtoto gani? Yeyote, akasema, wa kike au wa kiume, wa kwanza au wa mwisho. Zikomo, mama, nikamshukuru kwa Kichewa, nikakimbia kwa mchungaji kabla jua halijazama.

Jumapili jina likatamkwa. Koko Perpetua ndiye aliyeanza vigelegele, Wamalawi wakapokea, ngoma za watu wa Fizi zikafuata. Mapendo alicheza na mtoto mgongoni hadi viatu vikamtoka. Leo Alinafe ni mwalimu, anakaa Nsungwi kule Lilongwe, na watu hawamuulizi mama yake lolote juu yake ila kama hajambo.

Nyinyi vijana wa sasa mnasoma majina kwenye simu. Someni, si vibaya. Ila aulizaye njia hapotei. Watafuteni wenye lugha, wawili au watatu, kila mmoja peke yake. Msiulize tu jina lina maana gani. Ulizeni pia hupewa nani, na kwa sababu gani. Na mkikosea, rekebisheni kabla mtoto hajaanza kuitika.

Mungu awape watoto wenye afya, na kila watakapoitwa, wageuke wakitabasamu.