Mvua Ilinyesha Tukiwa Jangwani

Kaka yangu anayeishi Nairobi ana ugonjwa wa kutoa zawadi ambazo hakuna aliyemwomba. Mwaka mmoja alimletea Mama mashine ya kufanyia mazoezi ya kutembea, Mama huyo huyo anayekwenda sokoni Kosele kwa miguu na kurudi na mzigo kichwani. Mashine ikawa ya kuanikia nguo. Kwa hiyo aliponipigia simu mwisho wa mwezi wa pili kuniambia amemlipia Mama ziara ya siku saba, mbili za kutazama jiji la Nairobi na tano za kwenda kuona mbuga ya taifa ya jangwani kule kaskazini, na kwamba mimi ndiye nitakayemsindikiza, sikushangaa. Nilidharau tu, kama kawaida yangu.

“Mama hajawahi kupumzika,” alisema.

“Na jangwani ndiko watu wanakopumzika?” nilimuuliza. Akaniambia nina roho mbaya, na kwamba bei ilikuwa imeshuka kwa kuwa haukuwa msimu wa watalii.

Haukuwa msimu wa watalii kwa sababu ulikuwa msimu wa kupanda. Jambo hilo kila mtu nyumbani alilijua isipokuwa kaka yangu, ambaye mahindi anayaona yakiwa yamechomwa kando ya barabara. Mama alipoambiwa aliuliza swali moja. “Na mvua?”

Mimi ndiye niliyemjibu. Nilikuwa nimefundisha jiografia miaka mingi kabla ya koo kuniharibikia nikastaafu mapema, na nilikuwa nimesikiliza utabiri redioni. Nilimwambia mvua iko mbali, tutaenda na kurudi kabla ya tone la kwanza. Nilisema kwa sauti ile ile niliyokuwa nikiwaambia watoto wa kidato cha pili kwamba dunia inazunguka jua. Mama akaniamini, kwa sababu alikuwa ameuza ng'ombe wawili ili mimi nisome mambo hayo.

Nieleze hapa kwa nini swali lake lilikuwa zito. Katika boma la Wajaluo mke wa kwanza ndiye anayefungua msimu. Mpaka aingize mbegu zake ardhini kwa mkono wake, mke wa pili hapandi na wake za watoto hawapandi. Anayemtangulia anajiletea chira, ule ugonjwa wa kukondeana usio na dawa, na mara nyingi haumpati yeye mwenyewe bali watoto wake. Mama ndiye mke wa kwanza. Baba alikufa zamani, lakini kifo chake hakikubadilisha chochote katika jambo hili. Mama mdogo, mke wa pili, ana nyumba yake ng'ambo ya boma na wajukuu watatu anaowalea peke yake, na chakula chao chote kinatoka katika shamba lake. Mimi niliyaona hayo yote kuwa upuuzi wa watu wasiosoma. Sikuyasema wazi mbele yao, lakini nilihakikisha wanajua.

Gari lilitoka Migori, likapita Rongo na Kisii, likatuchukua Kosele asubuhi. Ndani yake walikuwamo watu wanane na mawani ya jua kumi na mbili. Kiongozi wetu alikuwa kijana wa Nairobi mwenye kofia yenye pazia la shingoni, aliyekuwa anazungumza kwa kipaza sauti ingawa angeweza kutugusa sote bila kunyanyuka. Alimwita Mama “shosho”, yaani bibi. Mama akamwambia kwa Kiswahili chake kidogo kwamba yeye si shosho, yeye ni mama ya watu. Kijana akacheka, akaendelea kumwita shosho kwa siku saba.

Nairobi tulionyeshwa vitu ambavyo wenyeji wake hawavitazami. Tulipandishwa juu ya ghorofa moja refu ili tuone paa za maghorofa mengine. Tulipelekwa kuwalisha twiga kwa mkono, na mama mmoja kutoka Migori, mfanyabiashara wa dhahabu aliyevaa nusu ya bidhaa zake, alipiga kelele alipolambwa utadhani amelambwa na waziri. Tulipelekwa kwenye duka kubwa lenye ngazi zinazojiendesha, tukaambiwa tuna saa mbili za “kujiachilia”. Mama alikaa kwenye benchi akishika mkoba wake kwa mikono miwili. Kaka yangu alikuja kutuona kwa dakika ishirini, akapiga picha sita, akaondoka.

Siku ya tatu tukashika njia ya kaskazini, na tangu hapo kiongozi wetu akaanza kutufundisha jiografia. Alisema jangwa ni mahali ambapo Mungu alisahau kunyesha mvua. Alisema mchanga unatoka baharini. Nilifunga mdomo mpaka Isiolo, kisha nikamrekebisha, naye akanishukuru kwenye kipaza sauti na kurudia makosa yake yale yale baada ya Marsabit. Nje kulikuwa na mawe meusi kutoka barabarani mpaka mwisho wa macho. Gari zima lilikuwa linapiga picha mawe.

Mbuga yenyewe iko kando ya Ziwa Turkana. Naomba msomaji alitafakari jambo hilo. Watu waliozaliwa kwenye ukingo wa ziwa, waliolelewa kwa samaki, walisafirishwa siku mbili juani ili waonyeshwe ziwa. “Na hapa, watu wangu, kuna samaki,” alisema kiongozi, akinyamaza kidogo ili tushangae. Kisha akatupeleka kuona magogo ya miti yaliyogeuka mawe, yamelala juani tangu enzi za kale. Yule wa dhahabu akakalia gogo moja kwa ajili ya picha, askari wa mbuga akamwomba ashuke, naye akamuuliza kama anajua amelipa kiasi gani.

Pale kwenye magogo ndipo simu ya Mama ilipolia. Tulikuwa kwenye kilima ambacho ndicho peke yake chenye mtandao, na alikuwa mama mdogo anapiga. Mama alisikiliza, akaitikia mara mbili, akaikata simu.

“Imenyesha jana na leo,” aliniambia. “Kubwa. Kosele yote wanapanda.”

Nilisema labda ni manyunyu. Alimwendea kiongozi, akamwambia taratibu, kwa heshima ambayo kijana yule hakuistahili, kwamba anaomba arudishwe nyumbani.

“Shosho, ratiba ni ratiba,” alisema kijana. “Gari ni moja, na hawa wengine wamelipia mpaka siku ya saba. Si utapanda tu ukifika?”

“Nyumbani wananingoja,” Mama alisema.

“Waambie waanze.”

Ikabidi Mama aeleze. Alieleza mbele ya watu wote, juani, kwa Kiswahili kilichokuwa kinamkwama kila sentensi, na mimi sikumsaidia kutafsiri. Yule wa dhahabu, Mjaluo kama sisi, alitikisa kichwa, akasema hizo ni mila za giza na mtu aliyeokoka hapaswi kuzibeba. Mama ni mwenyekiti wa akina mama kanisani kwa miaka mingi. Alimtazama yule mwanamke kutoka viatu mpaka hereni, akarudi kukaa kwenye kivuli cha gari.

Nilimdharau yule mwanamke kwa moyo wangu wote, na kilichoniudhi zaidi ni kwamba nilikubaliana naye.

Alasiri ile nilimwambia Mama atoe ruhusa kwa simu, jambo liishe. Akasema yeye si mbunge, hawezi kupanda kwa kuwakilishwa; mbegu ya kwanza inataka mkono wake. Nilimwambia wajukuu wa mama mdogo watakula nini udongo ukikauka. Akasema hilo ndilo analolifikiria, ninyamaze. Alikuwa amefungua fundo la leso yake na kulifunga tena, mara nyingi, kama mtu anayetafuta kitu. Nilimwonea huruma, lakini huruma yangu siku zote hutoka ikiwa imevaa hasira. Nikaondoka.

Nilipanda tena kile kilima, saa tisa, jua likichoma kisogo, nikampigia mama mdogo.

“Mama amesema mpande,” nilimwambia. “Amewaachia. Msimngoje.”

Nilisikia kuku nyuma yake, na maji yakitiririka kutoka kwenye paa.

“Amesema mwenyewe?”

“Mwenyewe.”

“Basi mpe simu, nyara, nimsikie.” Kwa Kijaluo, nyara ni kusema “binti yangu”. Hajawahi kuniita jina jingine, ingawa ananizidi miaka michache tu.

“Amelala,” nilisema. Kisha nikasema mtandao ni mbaya, simsikii vizuri, nikakata simu iliyokuwa inasikika wazi kabisa.

Nilishuka kilimani nikijiona mjanja. Niliona nimeokoa boma zima kwa sekunde thelathini, jambo ambalo mila, kanisa na kampuni ya utalii vilishindwa kulifanya. Jioni ile nilikula vizuri, na hata nilimcheka kiongozi alipotuonyesha nyota na kuzikosea. Mama hakula. Siku mbili zilizobaki alipanda na kushuka kwenye gari alipoambiwa apande na ashuke, akitazama alipoonyeshwa kidole.

Siku ya mwisho ya kurudi ilikuwa ndefu. Tulipoteremka kutoka Kericho tukaikaribia Sondu, mashamba yalikuwa yamebadilika rangi. Kila shamba lilikuwa na mistari, na katika mashamba yaliyotangulia kupata mvua ncha za mahindi zilikuwa zimeshatoboa udongo. Mama alikuwa upande wa dirisha. Mimi nilikuwa namwangalia yeye, nikijiandaa kwa maelezo nitakayompa atakapokuta boma limepandwa bila yeye. Nilikuwa nimeyapanga vizuri, hoja kwa hoja.

Sikuyahitaji. Shamba la mama mdogo lilikuwa limelimwa na kuchimbwa mashimo kutoka mpaka hadi mpaka, mashimo mazuri yaliyopimwa kwa kamba. Ndani ya kila shimo kulikuwa na maji ya mvua, na hakukuwa na mbegu hata moja.

Mama hakuingia nyumbani. Alishuka garini na kofia ya kampuni kichwani, akampa mtu wa kwanza aliyemkuta mkoba wake, akaletewa mbegu na jembe. Alivua viatu. Alipanda mstari mmoja, mzima, katika shamba lake, mgongo wake ukiinama na kunyanyuka mpaka mwisho wa shamba, na watu wa boma wakasimama kumtazama. Alipofika mwisho, mama mdogo, aliyekuwa kwenye mpaka wake na beseni la mbegu kiunoni, akainama kwenye shimo lake la kwanza. Wake za kaka zangu wakatawanyika kila mmoja kwake. Gari la watalii lilikuwa bado limesimama barabarani, na yule wa dhahabu alikuwa anawapiga picha.

Walipomaliza, Mama alimuuliza mwenzake, “Ile siku uliyonipigia, hamkupata habari nyingine kutoka kwetu?”

Nilikuwa nimesimama katikati yao. Mama mdogo alikuwa anakwangua udongo kwenye jembe kwa kijiti, na hakuinua macho.

“Mtandao wa huko ni mbaya,” alisema. “Hatukusikia kitu.”

Kesho yake nilimfuata jikoni kwake. Nilimuuliza, kwa ukali, maana sijui kuuliza kwa namna nyingine, kwa nini hakupanda wakati nilimwambia apande. Alikuwa anachochea moto.

“Mke mkubwa hutanguliwa akiwa amekufa,” alisema. “Ningepanda, mama yako angerudi akute tumeshamzika.”

“Na kwa nini hukumwambia kwamba nilidanganya?”

“Wewe ni mtoto wake,” alisema, kana kwamba nimeuliza swali la kijinga, kisha akanimiminia chai.

Mvua ya mwaka ule ilikatika mapema. Waliopanda siku za kwanza walivuna, si sana, lakini walivuna. Mahindi ya boma letu yalikatikiwa na maji yakiwa yanatoa mbelewele. Mama hakupata shida, kaka yangu alituma magunia, na mimi nina pensheni yangu na duka liko chini ya nyumba ninayopanga Homa Bay. Mama alitaka kugawana magunia yale na mama mdogo. Mama mdogo alipokea moja, akasema linatosha, na sote tulijua halitoshi.

Mwezi wa tisa nilikutana naye sokoni Kosele. Alikuwa amepiga magoti mbele ya mwanamke anayeuza mahindi kwa gorogoro, lile kopo la kupimia, akiyachagua kwa vidole yaliyotobolewa na fukusi. Maishani mwangu sikuwahi kumwona ananunua mahindi. Nilisimama nyuma yake nikiwa na mfuko wa mkate na maneno ambayo nilikuwa nimeyabeba tangu mwezi wa tatu. Aligeuka, akaniona, uso wake ukafunguka.

“Nyara, hujawahi kunisimulia safari yenu,” alisema. “Huko jangwani watu wanakula nini?”

“Wana mifugo,” nilisema. “Mahindi wananunua.”

“Kama sisi,” alisema, akamshikia yule mwanamke mdomo wa mfuko ili amimine.