Neno Lililokatazwa mu Nyumba ya Magolikipa

Ku nyumba yetu unaweza kusinzia mu misa na wakusamehe. Lakini neno "goli" haisemwi. Tate, baba ya baba yangu, alikuwa golikipa. Baba alikuwa golikipa. Baba mudogo alidaka kwa mushahara mupaka goti yake ilikataa. Bunia muzima inatujua. Miye tu njo aibu ya familia: hata ukinirushia chapati, inaanguka.

Tate alisema neno ile inaita mupira. Wakimufunga, ku meza walisema tu: "Ilipita." Alikufa, sheria ikabaki.

Sasa televizyo moja ya hapa ikaita baba mudogo atangaze mechi. Jina yetu njo walitaka, si sauti yake. Directeur, mukubwa wa televizyo, akamuambia wazi: mechi moja ya kujaribu, akiharibu, kiti inaenda kwa mwengine. Na goti ilishakufa, kazi ingine haiko. Akaacha kucheka hata na miye, mwenye kuchekesha watu ku kilio.

Siku ya yenga, kisha misa, tukajipanga mbele ya televizyo. Koko, mujane wa tate, akavaa kikwembe ya Pasaka, kama vile na yeye ataonekana.

Baba mudogo alianza muzuri, hata kama kravati ilimukaba. Kisha mupira ikaingia mu wavu. Stade nzima inapiga kelele, yeye kimya. Akakohoa, akasema polepole, kama mutu anatangaza kifo:

"Imepita."

Baba akaitika na kichwa, kwa heshima yote. Miye nilikuwa chini, nashika tumbo kwa kucheka.

Mapumziko, akatupigia simu. Directeur anamuachia nusu ya pili tu. Nikamushauri mara hii aseme "amina". Koko akaninyanganya simu.

"Mwanangu, baba yako alikataza neno ile sababu yeye njo alisimama mu wavu. Weye leo uko mu wavu ya nani?"

Koko akakaza kikwembe.

"Sema. Muzee nitamuelezea mwenyewe, siku nitamufikia."

Nusu ya pili, mupira ikaingia tena. Baba mudogo akavuta pumzi, akaachilia "goli" murefu, yenye magoli yote tulimeza ku meza tangu tate. Mbuzi ya jirani ikaitikia. Alikuwa angali anaivuta wakati arbitre alipiga filimbi na kuinua mukono: hors-jeu, muchezaji aliotea, haihesabiwi.

"Bandugu, munisamehe," akasema. "Ilikuwa yangu ya kwanza."

Nyuma ya mikro tulisikia directeur anacheka mupaka anakosa pumzi. Kiti ikabaki ya baba mudogo.

Mangaribi, ku meza, na miye nikajaribu neno ile. Koko akanirushia mwiko.

Ilipita.