Saini ya Ijumaa

Ofisini kwetu tuliogopa kalamu nyekundu kuliko tulivyomwogopa bosi. Saa moja na nusu kamili alifika nayo kwenye daftari la mahudhurio, akapiga mstari chini ya jina la mwisho, na aliyesaini chini ya mstari huo alikuwa mchelewaji hata kama amegongwa na bodaboda njiani. Ndiyo maana tulisainiana. Mwenye mgonjwa alisainiwa, mwenye msiba alisainiwa. Hakuna aliyeona ni kosa. Tuliuita utu.

Ijumaa moja dada yangu wa ofisini, mtunza stoo, alikwenda Kisesa kumzika mjomba wake. Namwita dada kwa sababu meza zetu zilitazamana miaka ishirini na sita, na alinizidi umri kidogo, jambo ambalo hakuchoka kunitambia. Niliwahi kazini, nikaandika jina lake na ile saini yake yenye mkia mrefu, ambayo naijua kuliko yangu. Kisha nikanywa chai.

Jumatatu injini ya boti ya ofisi haikuwamo stoo. Mlinzi wa geti alikumbuka kwamba ilitoka Ijumaa mchana ndani ya pikapu, dereva akiwa na kibali mkononi. Kibali chenyewe hakikuonekana tena. Funguo za stoo zilining'inia msumarini kila siku na sote tulijua, lakini daftari lilisema mtunza stoo alikuwepo kazini. Ikaundwa kamati ya uchunguzi.

Mwezi uliofuata dada akatimiza miaka sitini. Tulimkatia keki, tukamvisha kitenge, bosi akamsifu mpaka nikaona aibu. Wiki ile ile akakabidhiwa barua: mafao yake yote yamezuiliwa mpaka uchunguzi ukamilike. Nyumba yake ya Kisesa ilikuwa imefika kwenye linta, juu ya madirisha, na mwenye nyumba aliyempangisha kule Kiseke alishamwambia kwamba anavitaka vyumba vyake. Mafao hayo ndiyo yaliyokuwa paa.

Mimi nilikuwa nimebakiza miezi kumi nistaafu.

Tangu siku hiyo sikutulia. Nikikaa, nasimama. Naosha sufuria iliyo safi. Jumamosi natoka nyumbani Pasiansi, nashuka hadi ziwani, nawasalimu wanawake wanaogeuza dagaa juani, napanda, halafu nashuka tena. Mmoja aliniuliza, "Mama, umepoteza kitu?" Nikamjibu kwa ukali ambao hakustahili. Nilijiambia kwamba kamati ina watu waliosoma, watalinganisha saini. Nilijiuliza pia, ofisi nzima inajua alikuwa msibani, mbona wote kimya? Jibu nilikuwa nalo: kila mmoja wetu alikuwa ameshaandika jina la mwenzake kwenye daftari lile. Nilikuwa mwoga, na woga wangu niliubatiza jina la subira.

Miezi minane ikapita hivyo. Kila Jumapili nilimpelekea sukari, na kila Jumapili nilirudi na maneno yangu bila kuyasema. Jumapili ya mwisho nilimkuta anapanga vyombo kwenye maboksi. Mwenye nyumba alikuwa amechoka kusubiri. Dada alikuwa anahamia Kisesa, kwenye chumba kimoja alichokifunika kwa turubai, na mvua za vuli zilikuwa mlangoni. Nilimsaidia kufunga sahani kwa magazeti. Nikamvunjia bakuli.

Kesho yake niliingia kwa mwenyekiti wa kamati hata hajakaa. Nikamwambia saini ya Ijumaa ni yangu. Akanipa karatasi tupu, nikaandika jina la dada mara tatu, mkia na kila kitu. Akaitazama, akafungua jalada.

"Mama, mbona mwenyewe alituambia ni yake?"

Akanigeuzia maelezo ya dada. Aliulizwa kama ile ni saini yake, akajibu ndiyo. Akaulizwa mara ya pili. Akajibu ndiyo.

Jioni nilikwenda Kisesa. Alikuwa amekaa nje ya kuta zake anapepeta mchele. Nilipomweleza, aliutua ungo chini kwa nguvu, mchele ukamwagika.

"We mjinga! Nilikuwa nakusubiri ustaafu salama, ndipo niwaambie. Bado miezi miwili tu!"

"Na hii mvua, dada?"

"Mvua ingeninyeshea mimi mwenyewe. Nani alikuambia ninahitaji mwenzangu wa kunyeshewa naye?"

Nililia, naye akaniacha nilie huku akiokota mchele wake punje kwa punje. Hakunikaribisha chakula, kwa mara ya kwanza tangu tufahamiane. Lakini alinisindikiza hadi barabarani.

Barua yangu ilikuja nilipostaafu, maneno yale yale, jina tu limebadilika. Ya kwake haijafutwa. Wanasema lazima kwanza wachunguze kwa nini alidanganya.

Sasa kila Jumatatu tunakwenda sote wawili ofisini kuuliza uchunguzi umefikia wapi. Mapokezi kuna daftari la wageni. Juzi nilitangulia, dada akiwa bado yuko njiani, na binti wa mapokezi, kwa wema wake, akanisogezea kalamu.

"Mwandikie tu na mwenzako, mama, asipate shida."

Nikamrudishia kalamu yake, nikaenda kusimama getini mpaka dada alipofika.