Mama wa Sinema na Mama wa Nansio

Asubuhi hiyo nilitoka Buzuruga na begi mgongoni bila kujua naelekea wapi. Bandarini nikakuta meli ya kwenda Nansio, kule kisiwani, inapakia, nikapanda.

Ndani kulikuwa na televisheni, na filamu ilikuwa ya aina ninayoidharau kuliko zote: mama mjane, mwanawe mtu mzima, nyumba kubwa isiyo na jirani. Watunzi wa hizi filamu za kisaikolojia hawawezi kumwacha mama ampende mwanawe wa kiume bila kumshikisha kijana kisu. Mama akikesha kumsubiri, ni kichaa. Akimpakulia chakula, anamtawala. Na kamwe hakuna shangazi wala jirani wa kuja kuomba chumvi, maana angepiga hodi mara moja tu hadithi ingekufa.

Hii ilikuwa imetafsiriwa na mmoja wa wale vijana wetu wanaosimulia juu ya picha. Kila anapoanza kusema, muziki hupunguzwa. Basi mama akaingia na sahani, msimulizi akasema, "Kula, mwanangu," na vinanda vya kutisha vikanyamaza. Kilichobaki ni mwanamke aliyebeba chakula. Hofu yote walikuwa wameikodi kwa wapiga vinanda.

Muuza mitumba niliyekaa naye hakuona hivyo.

"Mama kama huyu tunaye Nansio," aliniambia. "Anapangisha vyumba nyuma ya soko. Mwanaye ana mvi, hajaoa, kutwa yuko naye jikoni. Usithubutu kulala pale."

"Kamuua nani?"

"Bado."

Benchi zima likacheka.

"Wapangaji wote wamemkimbia," akaongeza, kana kwamba huo ndio ushahidi.

Tuliposhuka nilikwenda moja kwa moja nyuma ya soko. Vyumba vitatu, milango wazi, hakuna mtu ndani. Uani mwanamume mwenye mvi alikuwa anamenya mihogo. Mama yake alikaa kwenye mkeka, miguu imevimba, hawezi kuinuka.

"Shikamoo, mama. Natafuta chumba."

"Marahaba. Umeshuka melini? Basi wameshakwambia."

"Wameniambia."

"Na bado umekuja?"

"Mama, mwache apumzike," mwanawe akasema bila kuinua kichwa. "Wa mwisho ulimhoji mpaka akahama."

"Wa mwisho alihama kwa sababu ya mapishi yako."

Kisha mama akanionyesha kwa kidole mlango wa kati.

"Chukua hicho. Bati lake halivuji."